Sahani ya Upande wa Barabara

Kwa miaka mingi nilifundisha kwa kuacha mkia wa neno. Aliyesoma katika shule za kwetu Kolwezi anajua ninachosema. Mwalimu anasimama mbele na kusema, "Moyo unasukuma da...", na darasa zima linamalizia, "...mu!" Anasema, "Mmea unakunywa maji kwa mi...", nao wanajibu, "...zizi!" Sauti za watoto zaidi ya sitini zinapanda pamoja na kugonga mabati, na direkta, mkuu wa shule, akipita barazani anasikia darasa lililo hai. Kisha mwalimu anaandika muhtasari ubaoni kwa Kifaransa, watoto wanaunakili kwenye kaye, yaani madaftari yao, na jioni mzazi anafungua kaye na kuona wino. Kila mtu amepata kitu chake.

Sidhani kwamba nilikuwa mwalimu mbaya wakati huo. Napenda kueleza, na sichoki upesi. Mtoto asipoelewa kwa maneno namweleza kwa maharagwe, asipoelewa kwa maharagwe namweleza kwa vidole vyake mwenyewe. Kwa hiyo tulipoitwa kwenye semina, tukaambiwa kwamba somo la sayansi lianze na swali la watoto, kwamba wao wakisie, wapime, wabishane, kisha waseme walichoona, na kwamba mwalimu asikimbilie kutoa jibu, nilihisi kama mpishi aliyeambiwa asiguse mwiko. Mwalimu mwenzangu aliyekaa kando yangu akaninong'oneza, "Sasa siye tutakuwa tunafanya nini? Tutaangalia madirisha?"

Tulicheka. Lakini ndivyo nilivyofanya hasa. Niliporudi darasani nilijifunza kunyamaza kwa kuangalia madirisha. Kila mara ulimi uliponiwasha nilihesabu vioo, vilivyopo na vilivyovunjika, mpaka mtoto mmoja aseme kitu.

Mwanzoni hawakusema. Nilipowauliza, "Mnafikiri ni kwa sababu gani?" walitazama uso wangu. Nyusi zikipanda, walibadilisha jibu. Nikitabasamu kidogo, wote walilirukia jibu la yule aliyesema wakati ninatabasamu. Ilinichukua muda kuelewa kwamba darasa lilikuwa linasoma uso wangu kama linavyosoma ubao. Basi nikawa nikiuliza swali, kisha naenda kukaa kwenye benchi la nyuma kabisa, wasinione. Hapo ndipo shingo zilipoanza kugeukiana wao kwa wao.

Swali la vumbi lilizaliwa mwezi wa tano, mvua zilipokwisha. Shule yetu iko Manika, mahali ambapo ukuta mmoja wa darasa unaangalia barabara na mwingine unaangalia uwanja wa shule. Malori ya machimbo yanapita barabarani kutwa. Kila asubuhi, kabla ya kengele, watoto wa mwaka wa tano wanafagia uwanja, wengine wanapanguza madawati kwa vitambaa, halafu tunapanga mstari na kuingia. Siku hiyo nilikuwa nataka kufundisha hali za mata, yaani maada. Msichana mmoja wa benchi la tatu akapitisha kidole juu ya dawati lake, akakitazama, akakiinua.

"Madamu, hii vumbi inatokaka wapi? Tumetoka kupanguza sasa hivi."

Msichana huyu ni yule nitakayemsimulia hapa. Alikuwa mwepesi wa kunakili na mzito wa kuzungumza. Wakati wa kumalizia maneno kwa pamoja nilimwona akichezesha midomo tu. Mwaka mzima hilo ndilo lilikuwa swali lake la kwanza kwangu.

Darasa likamcheka. "Ku ba camion!" walipiga kelele pamoja. "Ye haonake ba camion?"

Nilikuwa na jibu langu pia, na lilikuwa hilo hilo la malori. Nilitamani sana kulieleza, kwa chembe nzito na chembe nyepesi, na upepo. Nikatazama madirisha. Kisha nikauliza, "Tutajuaje?" nikaenda kukaa nyuma.

Walibishana mpaka mapumziko. Njia waliyoipata mwishowe ilikuwa rahisi, nami nilisaidia kuinyoosha tu. Tulichukua sahani tatu nyeupe za plastiki na kuzipaka mafuta ya kujipaka, safu nyembamba, ili vumbi likitua lisiweze kuondoka. Moja iliwekwa kwenye dirisha la upande wa barabara, moja kwenye dirisha la upande wa uwanja. Ya tatu tuliifungia kabatini. Hiyo ya kabatini iliwasumbua wengi. Mvulana mmoja msemaji, ambaye hakuna kitu kilichopita bila yeye kukitia mzaha, aliuliza, "Madamu, ile ya mu kabati iko punishement?" Nikawaambia wafikirie: kama sahani ya kabatini nayo ikichafuka, tutasema nini juu ya zile nyingine mbili? Walifikiria. Mtoto mmoja akasema polepole, "Tutasema labda ni mafuta yenyewe iko michafu." Ndiyo kazi ya sahani ya kabatini.

Kila sahani ilipewa kundi la kuilinda. Sahani ya upande wa barabara ilikwenda kwa kundi la msichana wangu.

Katikati ya wiki hiyo baba yake akaja. Alikuwa karani kwenye lango la machimbo ambapo malori yanapimwa na kuandikwa, akafika akiwa bado amevaa gile lake la kazi, kizibao cha manjano chenye mistari inayong'aa. Mkewe alikuwa mara nyingi safarini Sandoa kufuata unga wa muhogo, kwa hiyo masomo ya watoto yalikuwa mikononi mwake. Nilimfahamu kwa mkono wake kabla ya kumfahamu kwa uso: kila jioni alitia saini chini ya muhtasari wa siku, saini ndefu, iliyonyooka, hata siku ambazo umeme ulikatika na wino ukaenda nje ya mstari.

"Mama mwalimu, jambo yenu."

"Jambo, Tata. Karibu."

Alifungua kaye juu ya meza yangu. "Angalia. Lundi, swali moja. Mardi, alichora sahani. Leo, sahani tena. Sasa mi nitatia saini wapi? Chini ya sahani?"

Nilianza kueleza. Nilieleza vizuri, nafikiri, maana hiyo ndiyo kazi ninayoiweza. Alinisikiliza mpaka mwisho kwa heshima, kisha akafunga kaye.

"Mama, mwaka kesho ni mwaka wa sita. Iko examen ya taifa. Kule ng'ambo ya mji kuko shule, batoto banaandika mpaka kaye inaisha mbele ya Pasaka. Itamupasa kupanda pikipiki kila asubui, lakini atakuwa na kitu mu kaye. Vendredi nitakuja kukaa mu darasa, nione na macho yangu. Kama ni kucheza, mwaka wa sita atafanyia kule."

Msichana alikuwa amesimama mlangoni na mfuko wake. Alisikia yote.

Nilimwelewa yule baba. Saini ile ndiyo ilikuwa njia yake ya kukaa na binti yake kila jioni, nami nilikuwa nimemnyang'anya mahali pa kuitia. Lakini nilimwelewa binti pia. Mtoto ambaye amekaa kimya miaka mitano, sasa ameinua kidole chenye vumbi na kuuliza linatoka wapi: ukimhamisha wiki ile ile, ataona kwamba kuuliza ndiko kulikomhamisha.

Ijumaa baba alikuja, akakaa kwenye benchi langu la nyuma, magoti yake yakigusa ubao wa dawati. Watoto waligeuka kumtazama, wakamwamkia kwa pamoja kwa ile sauti ya kuamkia inspekta. Nilikaa kando yake. Makundi yakaleta sahani mezani mbele na kuzipanga juu ya kitambaa cheusi.

Ya kabatini ilikuwa safi. Ya upande wa uwanja ilikuwa imefunikwa na vumbi jekundu, sawasawa, kama poda. Ya upande wa barabara ilikuwa na vumbi jingi kuliko zote.

"Ba camion!" darasa zima likapiga kelele, na baba akaitikia kwa kichwa mara moja, kama mtu aliyeona hesabu imetoka.

Somo lingeweza kuisha pale. Kwa mtindo wangu wa zamani lingeisha: vumbi linatoka barabara..., "...ni!" Niliona hata mahali pa muhtasari ubaoni. Lakini tulikuwa tumekubaliana kwamba hakuna anayesema jibu kabla kila kundi halijazitazama sahani kwa karibu. Wakaanza kupita mmoja mmoja, pua zikikaribia meza.

Yule msemaji alipofika kwenye sahani ya barabara alisimama. Akainamisha kichwa upande huu, akainamisha upande ule.

"Aah, hii vumbi! Iko sawa vile mutu alimwanga sukari mu chai. Angalia, yote iko katikati!"

"Vumbi ya camion imechoka, inatafuta kiti," akaongeza mwingine, na darasa likalipuka kwa kicheko.

Msichana mmoja wa kundi la uwanja hakucheka. Alizichukua sahani mbili, akazishika pamoja karibu na dirisha. "Lakini rangi iko moja," akasema. "Ya kwetu nyekundu, na ya kwenu nyekundu. Njia iko na rangi hii? Njia si iko kijivu?"

Kicheko kikapungua. Wakatazama nje, wakatazama sahani. Na chini ya lile fungu jekundu, pembezoni, mmoja akaona safu nyingine nyembamba sana, ya kijivu, iliyotandaa yenyewe.

Nilikuwa nimekwisha kuelewa. Nilimtazama msichana wangu kwenye benchi la tatu. Alikuwa akikunja pindo la sketi yake. Ulimi wangu ulikuwa tayari kabisa kumwokoa. Ningesema kwamba upepo huleta vumbi kwa mafungu, kwamba labda mtu alitikisa kitambaa dirishani. Baba angeridhika, malori yangebaki na kesi yao, na mtoto angebaki shuleni kwetu. Nikaanza kuhesabu vioo. Sikumbuki nilifika kioo cha ngapi.

Akasimama.

"Njo mi niliongeza."

Hakuna aliyecheka.

Baba alisimama pia, na dawati likasogea kwa kishindo. "We? Uliongeza nini?"

"Bulongo, Tata. Jana. Niliichota ku uwanja."

"Juu ya nini ulifanya ivo?"

Alijibu akitazama sakafu, lakini sauti yake ilisikika darasa zima. "Sahani yetu haikukuwa na kitu. Na we Tata kila siku unasemaka nyumbani vumbi yote ni ya ba camion. Nilijua unakuja. Nilitaka ikuwe kweli."

Nje lori likapita. Baba alikuwa ameshika ncha ya gile lake. Nilidhani atamwambia achukue mfuko wake waende. Nafikiri hata yeye alidhani hivyo. Halafu akauliza, kwa sauti ya chini, ya nyumbani:

"Sasa, juzi, mbele uongeze, sahani ilikuwa namna gani?"

Binti akainua macho. "Ilikuwa na kidogo tu. Kijivu. Laini sawa unga."

"Na hiyo ya uwanja?"

"Hiyo ilikuwa nyingi toka siku ya kwanza."

"Mm," baba akasema. Alitembea mpaka mbele, akainama juu ya meza na gile lake linalong'aa, akazitazama sahani kama wale watoto, pua karibu. Kisha akanigeukia. "Mama mwalimu, hii haifae. Muitupe, muweke ingine. Vendredi ingine mi nitarudia."

Swali zuri kuliko yote ya wiki ile lilikuwa limeulizwa na mzazi aliyekuja kuona kama tunacheza.

Baada ya hapo nilizungumza na msichana peke yake, kidogo tu. Sikumgombeza. Nilimwambia kwamba sahani ikisema kitu ambacho hatukukitarajia, haijakosa, na sisi hatujakosa. Tumepata kazi zaidi. Aliitikia kwa kichwa, kisha akauliza kama anaweza kuilinda sahani ile ile tena. Nikamwambia ni yake.

Wiki iliyofuata kundi lake lililinda dirisha kama askari. Watoto wa madarasa mengine hawakuruhusiwa hata kupiga chafya karibu nalo. Ijumaa baba akaja, safari hii bila kuamkiwa kama inspekta. Sahani ya barabara ilikuwa na kijivu chembamba. Ya uwanja ilikuwa nyekundu tele.

"Sasa uwanja unapandaka namna gani mpaka ku dirisha?" aliuliza mtoto mmoja. "Hauna miguu."

Walikaa na swali hilo. Mimi nilikuwa benchi la nyuma kando ya baba, sote wawili tumekunja mikono. Nilimsikia akivuta pumzi kutaka kusema, nikamgusa kiwiko. Akanitazama, akaelewa, naye akageukia madirisha.

Aliyelipata alikuwa yule msemaji, na alilipata kwa kupiga paji la uso wake. "Aaah, njo siye! Siye na mafagio yetu! Asubui tunafagia mpaka chini ya dirisha, vumbi inapanda, inaingia, halafu siye benyewe tunaingia tunapanguza!"

Darasa lilicheka mpaka direkta akaja mlangoni kuuliza kuna nini. Kwa miaka yote watoto walikuwa wakifagia vumbi kutoka uwanjani na kulituma darasani, kisha wakilipanguza, na hakuna aliyekuwa ameona, mimi nikiwa wa kwanza.

Baba alicheka pia. "Basi leo camion zangu zimepona kesi."

"Kwetu hazijapona, Tata," akasema mtoto mmoja ambaye nyumba yao iko kandokando ya barabara kubwa, bila mzaha wowote. "Kwetu mama anafunikaka chakula na sahani mbili."

Baba akaacha kucheka. Akasema, "Ni kweli. Kwako ni ingine." Tuliandika hilo ubaoni pia, kwa sababu tulichokipima ni madirisha yetu mawili tu, asubuhi, kiangazi. Mtoto yule alipewa sahani aende nayo nyumbani, na hilo likawa somo jingine ambalo lilituchukua hadi mwisho wa mwaka.

Nyumbani kila mtu hunyunyiza maji kabla ya kufagia. Shuleni hatukufanya hivyo kwa sababu bomba letu lina siku zake. Watoto wakaamua kila mmoja alete maji kidogo kwenye chupa, wakafagia wiki moja kwa maji na wiki moja bila maji, na sahani zikasema wazi ni wiki gani. Toka hapo wanafika na ufagio mkono mmoja na chupa mkono wa pili.

Lakini jambo moja baba yule alikuwa na haki nalo, na nilimwambia hivyo. Nilipoacha kuandika muhtasari ubaoni, sikuweka kitu mahali pake. Watoto walikuwa wameona mengi na kaye hazikuonyesha. Kwa hiyo nikaanza kuwaachia robo ya saa ya mwisho waandike wenyewe: tuliuliza nini, tulikisia nini, tuliona nini, nini hatujui bado. Nilizunguka kati ya madawati nikiwasaidia Kifaransa chao. Makosa yalikuwa mengi kuliko zamani, maana sasa sentensi zilikuwa zao. Ni kazi kubwa kuliko kunakili, na mwalimu ana mengi zaidi ya kufanya kuliko yule aliyekuwa anasimama mbele. Mwenzangu wa semina alipokuja kutazama nilimwambia, "Madirisha ni mwanzo tu."

Msichana wangu aliandika kurasa mbili. Katikati ya ukurasa wa pili aliandika kwamba sahani ya kwanza haikuhesabiwa kwa sababu yeye mwenyewe aliitia udongo. Sikumwambia aandike, wala sikumwambia afute. Asubuhi iliyofuata niliona chini yake ile saini ndefu, iliyonyooka.

Siku ya kutangaza matokeo ya mwaka, uwanja ulikuwa umejaa wazazi. Baba alinijia akiwa amemshika binti yake mkono, sura yake nzito kama ya mtu mwenye mashtaka.

"Mama mwalimu, nyumbani hakuna tena amani."

"Kuna nini, Tata?"

"Nikisema chumvi imezidi, huyu ananiuliza, 'Tata, ulionja wapi, juu ao chini ya sufuria?' Nikisema kesho kutakuwa na baridi: 'Tata, umejuaje?' Mama yake amerudi toka Sandoa, ameulizwa kila mufuko wa unga ulipitia wapi."

Msichana alikuwa anacheka ndani ya mkono wake.

"Na mwaka wa sita?" nikamuuliza. Nilikuwa nimelishika swali hilo kifuani tangu ile Jumatano ya gile la manjano.

"Atabakia apa apa," akasema. "Mi peke yangu siwezi kumujibu."

"Tata," binti akasema, "si lazima unijibu. Tutaangalia kwanza."

Baba akanitazama, akainua mikono yake yote miwili, nami nikageukia madirisha.